Mke wangu ana mimba ya wiki 31, platileti zimeshuka hadi 88. Tuko Wete, tufanyeje?

Baba Ilham

Assalaam alaykum jamaa. Nna suali kuhusu mama watoto, na nitalieleza lote ili mtu asije akajibu nusu.

Mimba hii ni ya tatu. Mbili za mwanzo kazaa kwa njia ya kawaida, hapa hapa Pemba, bila ya misukosuko. Sasa yuko wiki ya 31. Kliniki wakampima damu kamili, ile FBP, karatasi ikarudi na platileti, zile chembe za kugandisha damu, 88 na kishale pembeni kinaangalia chini. Wiki ya 14 zilikuwa 156. Wingi wa damu 10.2. Presha 118/74, mkojo hauna protini, malaria hamna, virusi hamna. Daktari akasema tutaangalia, mrudie kipimo baada ya wiki mbili, na hapo hapo akaitwa kwa mgonjwa mwengine.

Mwenyewe hana anachoumwa. Akipiga mswaki fizi zinatoa damu kidogo, lakini hilo analo tangu mimba ya kwanza. Tatizo ni watu. Mama mkwe kashasikia, kashavuna majani ya mpapai, anataka kuyatwanga anyweshwe asubuhi na jioni. Shemeji yangu aliyeko mjini anapiga simu kila saa, anataka tupande boti twende Unguja hivi sasa, eti akianza kutoka damu Pemba hakuna wa kumzuia.

Nauliza: 88 ni ya kutisha au si ya kutisha? Dawa ipo? Na tukazalie wapi?

Mtoto wa Shamba

Pole yakhe. Mungu amfanyie wepesi. Ila majani ya mpapai msiyadharau. Jirani yetu alipata homa ya dengi, platileti zikawa 40, kanywa ile juisi, baada ya siku chache zikapanda mpaka 150. Nimeona kwa macho yangu.

Fundi Darubini

Mie niko maabara. Kabla ya mpapai na kabla ya boti, hakikisheni kwanza hiyo 88 ni 88 kweli.

Damu ya FBP hutiwa kichupa cha kifuniko cha zambarau. Ndani mna dawa ya kuizuia isigande, inaitwa EDTA. Wapo watu wachache ambao dawa hiyo inazifanya platileti zao zishikane mafungu mafungu. Mashine ikipitisha fungu la platileti ishirini inalihesabu moja, au inadhani ni chembe nyeupe. Mtu ana 200 zake, karatasi inatoka na 80, nyumba nzima inalia.

Kulijua hilo hakuhitaji mtambo wa Ulaya. Tone la damu linapakwa kwenye kioo, linatiwa rangi, linatazamwa kwa darubini. Kama kuna mafungu utayaona yamejaa ukingoni mwa ule mpako. Hapo unarudia kwa kichupa cha kifuniko cha buluu chenye sitreti, na jibu unalizidisha kwa 1.1, kwa sababu kile kichupa kina dawa ya maji inayoipunguza damu. Jambo jengine: damu iliyotolewa kwa tabu, sindano ikachokonoa mshipa kwanza, huanza kuganda ndani ya bomba, na platileti ndizo za mwanzo kupotelea mle.

Kwa hiyo mwambie daktari anaporudia kipimo aandike na kioo. Maneno mawili tu kwenye fomu.

Ummu Rayyan

Mie mimba ya nne zilishuka mpaka 97, mwezi wa nane huo. Nikalia, nikaandika na wasia, wallahi. Hawakunipa dawa yoyote, wakawa wananipima tu. Nikazaa kawaida, damu ikatoka kama ya mimba nyengine. Baada ya arubaini nikapimwa, 210. Mtoto salama, sasa yuko chuoni anasoma juzuu amma.

Kwa hiyo Baba Ilham usimtie mkeo khofu. Ila na kupima usiache.

Bi Mkunga

Waalaykum salaam. Mie ni mkunga mstaafu, niko Chake. Nitaandika marefu, atakayechoka aruke.

Platileti ndiyo kalafati ya mshipa: panapofumuka, zinajishindilia hapo na kuziba. Hesabu ya mtu mzima ni 150 mpaka 450, yaani elfu hizo katika kila maikrolita moja ya damu. Lakini jahazi halizami kwa kupungukiwa pamba kidogo. Hatari ya kutoka damu ovyo haianzi kwenye 100 wala kwenye 88. Kwa kuzaa, iwe kwa kawaida au kwa operesheni, madaktari wanataka zisiwe chini ya 50. Ganzi ya mgongo wanataka 70 kwenda juu, na wengine hawakubali chini ya 80, kwa sababu damu ikivujia pale inaubana uti wa mgongo. Zikiwa chini ya 30, au mtu anatoka damu, hapo dawa huanzwa hata kama siku za kuzaa ziko mbali.

Sasa, mkunga akiona namba imeshuka huuliza imekuja lini, na imekuja na nani.

Ikija peke yake, miezi ya mwisho, mama hana anachoumwa na kabla ya mimba hakuwa nayo, aghalabu ni upungufu wa platileti unaoletwa na mimba yenyewe tu. Katika wajawazito 100, baina ya 5 na 10 hushuka chini ya 150, na robo tatu yao ni wa namna hii. Mjamzito maji ya damu yake yanaongezeka, na zalio nalo linatumia platileti. Hii haimdhuru mtoto, haina dawa na haihitaji dawa, na huondoka wiki chache baada ya kuzaa. Mkeo, kwa namba ulizotupa, anaelekea huko. Sijasema ndiko aliko. Hilo watalisema wanaomwona.

Ikija mapema, miezi mitatu ya mwanzo, au ikiwa chini ya 70, au mtu ana vilia bila ya kugongwa na vidoadoa vyekundu miguuni mfano wa matundu ya sindano ambavyo ukivibonyeza havipotei, hapo huenda kinga ya mwili wake mwenyewe inazila platileti. Hiyo ni ITP na ina matibabu yake.

Ikija na homa, tafuta malaria kwanza. Malaria Zanzibar imeshuka sana lakini haijakwisha, na anayetoka safari bara ndiyo kabisa. Kisha dengi. Na mtu aliyeshukiwa dengi asimeze aspirini wala ibuprofeni, atulize homa kwa panadoli.

Ikija na presha, hapo ndipo pa kukimbia. Presha 140/90 au zaidi baada ya wiki ya 20, kichwa kisichosikia panadoli, macho kuona vimulimuli au ukungu, maumivu kwenye chembe cha moyo au chini ya mbavu za kulia, kutapika upya mwezi wa nane wakati kichefuchefu kilishakwisha, uso kuvimba ghafla. Moja tu katika hayo pamoja na platileti zinazoshuka, usingoje zamu ya kliniki. Hata iwe saa nane za usiku. Hiyo ni njia ya kifafa cha mimba.

Kwa hiyo Baba Ilham, hiyo 118/74 ndiyo namba iliyonipa usingizi kuliko 88. Nunueni au azimeni mashine ya presha ya mkononi, apimwe nyumbani akiwa amekaa, amepumzika, mkono uko sawa na moyo. Muandike kwenye daftari. Na muombe wapime ini, hiyo haijatajwa kwenye maelezo yako.

Mtoto wa Shamba

Bi Mkunga nakuheshimu, lakini na mpapai uuseme basi. Jirani alipona.

Bi Mkunga

Mwanangu, jirani yako alipona dengi. Dengi hushusha platileti siku za baina ya tatu na saba, kisha homa ikipoa zinapanda wenyewe, mgonjwa akinywa mpapai, akinywa madafu, au asinywe kitu isipokuwa maji. Kila aliyekunywa juisi siku ya sita ataisifu juisi.

Na hata ingekuwa inafaa kwa dengi, huyu hana dengi, ana mimba. Utomvu wa mpapai, wa tunda bichi na wa majani, haujathibitishwa kuwa salama kwa mjamzito, na wa papai bichi unatajwa kuufanya mfuko wa uzazi ubane. Papai bivu ale atakavyo. Baba Ilham, mama mkwe usigombane naye. Mwambie bi mkubwa majani tutayaweka mpaka mtoto azaliwe, kwa leo tunaomba dua yake na mchuzi wa samaki.

Fundi Darubini

😂 Mchuzi wa samaki nauunga mkono.

Mama Swaumu

Kuhusu chakula jamani, mie nliambiwa nile bitiruti, mchicha na maini. Hivyo vinapandisha platileti?

Bi Mkunga

Vinasaidia wingi wa damu, ile 10.2, na huyu anavihitaji pamoja na vidonge vyake vya madini ya chuma na foliki. Platileti ni habari nyengine. Zinashuka kwa chakula pale tu mtu akipungukiwa sana na foliki au vitamini B12, na huyo hata chembe nyekundu zake huwa kubwa kupita kawaida, inaonekana kwenye hiyo hiyo FBP sehemu iliyoandikwa MCV. Na maini asizidishe, yana vitamini A nyingi mno kwa mjamzito.

Ukhti wa Mwera

Nimesoma nikaona niandike, kwa sababu mie ndiye ile ITP. Ninayo tangu kabla ya kuolewa. Nilikuwa nikigusa kona ya meza, kesho yake paja limeiva zambarau.

Mimba yangu ya kwanza zilifika 24. Sikuwa natoka damu ila fizi. Wakanianzisha prednisoloni, miligramu 20 kwa siku. Watu wanadhani ukimeza leo kesho zinapanda. Hapana, inachukua siku kadhaa mpaka wiki mbili hivi, ndiyo maana huanzwa mapema kabla ya kuzaa. Zangu zikafika sabini na kitu. Lakini dawa ile nayo ina mambo: uso umevimba, usingizi hamna, sukari na presha lazima zipimwe kila mara kwa sababu inapandisha vyote viwili. Na usiiache ghafla hata ukijiona mzima, inashushwa kidogo kidogo na daktari. Ipo dawa nyengine ya mshipani, immunoglobulini, hiyo inapandisha ndani ya siku chache lakini bei yake si ya kuitamka mbele ya mume. Huwekewa mtu prednisoloni ikigoma au siku zimebana.

Watu hawaambiwi habari ya mtoto. Kwenye ITP zile kinga za mama zinapita kwenye zalio, kwa hiyo mtoto naye anaweza kuzaliwa na platileti kidogo. Wengi hawapati kitu. Wangu alikuwa nazo nzuri alipozaliwa, damu ilichukuliwa kwenye kitovu. Lakini wakasema tusiondoke, kwa sababu kwa mtoto zinaweza kushuka zaidi baina ya siku ya pili na ya tano. Wakati wa kuzaa mkunga na daktari waambiwe mapema, wasije wakatumia kile chombo cha kumvuta mtoto kichwani. Na ile sindano ya vitamini K ya pajani walingoja kwanza jibu la damu.

Na hili ndilo lililoleta kelele nyumbani: mtoto wa kiume, babu yake anataka atiwe tohara mapema. Nikasema hakitaguswa kitu mpaka daktari atoe ruhusa. Wa kike ni hivyo hivyo kwa kutogwa masikio. Babu alinuna, kisha akanunua kofia.

Na upasuaji jamani si lazima. Mie nilizaa kawaida. Platileti kuwa chini peke yake si sababu ya kupasuliwa, unapasuliwa kwa sababu zile zile za uzazi wanazopasuliwa wengine.

Ummu Rayyan

Ukhti, mbona hukutuambia miaka yote hii tunaandikiana humu? Mashaallah kwa subira.

Bi Mkunga

Niongeze moja kwa wenye ITP na wote wenye namba za chini: baada ya kuzaa, hasa aliyepasuliwa, wodini hupenda kuchoma diklofenaki kwa maumivu. Dawa za aina hiyo zinazifanya hata zile platileti zilizopo zisishike vizuri. Mama au aliyemshika aseme waziwazi, platileti zangu ziko chini, nipeni kitu chengine. Panadoli haina shida hapo. Iandikeni kwenye kadi ya kliniki kwa kalamu nyekundu, kwa sababu zamu zinabadilika na mama mwenye uchungu hana nguvu ya kusimulia historia.

Mwana wa Fuoni

Samahani nadandia. Mie naandikiwa aspirini ndogo ya 75 kila usiku, nliwahi kupata presha mimba iliyopita. Sasa kwa maelezo haya niiache? Platileti zangu 130.

Bi Mkunga

Usiiache. Ile hupewa mwenye historia kama yako kuanzia karibu wiki ya 12 ili kuzuia hiyo hiyo presha, na kwa 130 haina ubaya. Mwenye platileti zilizoshuka sana ndiye daktari hufikiria kumsimamishia. Mwonyeshe karatasi aliyekuandikia, aamue yeye. Wewe usiongeze wala usipunguze.

Baba wa Mapacha

Mimi sitaki kumtisha mtu ila watu wasome na hili.

Mke wangu, mimba ya kwanza (mapacha walikuja baadaye), wiki ya 35. Maumivu chembe cha moyo. Tukaenda kituo kimoja, sitakitaja, akapewa dawa ya vidonda vya tumbo, mtu akaambiwa apunguze pilipili na achari. Presha hawakumpima. Usiku akatapika mpaka akaishiwa nguvu. Asubuhi shangazi yake ambaye ni muuguzi akaja kutujulia hali, akamfunua jicho akaona lina umanjano, akasema simameni twende sasa hivi, msioge.

Presha 150/100. Platileti 61. Vipimo vya ini viko juu mara nyingi zaidi ya kawaida, na chembe nyekundu zinavunjika. Wakasema ni HELLP, aina kali ya ile presha ya mimba. Hakuna dawa ya kuiondoa isipokuwa mtoto kutoka. Wakamchoma magnesiamu kumkinga na kifafa, wakamshusha presha, na akapasuliwa siku ile ile kwa nusu kaputi, daktari wa usingizi alikataa ganzi ya mgongo kwa namba ile. Tukatafuta damu, ndugu wakaja wakatolewa.

Mtoto kilo 1.9. Tukadhani tumemaliza, kumbe platileti zikaendelea kushuka hata baada ya kuzaa, zikafika 44, ndipo zikaanza kupanda. Alhamdulillahi wote wapo.

Nnachotaka kusema: mjamzito wa miezi ya mwisho akishika chembe cha moyo na kusema panauma, mpimeni presha na damu kabla hamjampa maziwa na dawa ya kiungulia.

Bi Mkunga

Asante baba. Na ilivyokuwa kwa mkeo ndivyo inavyokuwa, huzidi siku moja mbili baada ya kuzaa kabla ya kugeuka. Wengine inawaanza baada ya kuzaa, mtoto kashatoka, watu wanapika uji. Na wapo ambao presha haipandi sana wala protini haionekani, wanabaki na maumivu tu na namba za damu. Kwa hiyo mwenye platileti zinazoshuka asikimbilie kurudi nyumbani siku ile ile aliyozaa kwa sababu wageni wanangoja.

Baba Ilham

Jamaa, nimerudi. Kipimo kimerudiwa, 91. Nimeomba kioo, yule kijana wa maabara akanitazama hivi kisha akacheka, akafanya. Hakuna mafungu, ni chache kweli. Ini zuri. Presha nyumbani inacheza 110 mpaka 120 juu. Homa ya ini B hana.

Daktari bingwa wa wakinamama kasema inaonekana ni upungufu wa mimba, apimwe kila wiki mbili, na kuanzia wiki ya 36 kila wiki. Majani ya mpapai kapewa mbuzi.

Imebaki moja: tukazalie wapi? Shemeji bado hajanyamaza.

Mjini Damu

Mleteni Unguja. Mnazi Mmoja ndiyo hospitali ya rufaa, kuna kila bingwa. Sielewi kwa nini watu wa Pemba mnapenda kujaribu.

Mpemba Halisi

Nani anajaribu? Tuna Abdalla Mzee Mkoani, imejengwa upya na kufunguliwa 2016, ina vyumba vya upasuaji na madaktari. Kila kitu nyinyi mjini. Umewahi kumvusha mkondo wa Nungwi mjamzito wa mwezi wa tisa wakati wa kusi? Watu wazima wanatapika mpaka nahodha anaona haya.

Mjini Damu

Sijasema hakuna hospitali. Nimesema ikiharibika.

Bi Mkunga

Tulieni. Hapa mna haki nyote wawili kidogo kidogo.

Kwa 91, presha nzuri, mimba mbili za kawaida nyuma yake, sioni cha kumtoa kisiwani. Ila asizalie nyumbani wala kituo kidogo. Azalie hospitali yenye chumba cha upasuaji, daktari wa kike au wa kiume aliye zamu kweli, na damu. Kwa aliyeko Wete, muulizeni bingwa kama ni hapo hapo, Chake au Mkoani, na mkishajua mjue na gari ya nani itakayokuchukueni usiku, kwa sababu mpaka Mkoani lazima mpite Chake na uchungu wa mtoto wa tatu hauna subira.

Kwenda Unguja kunaamuliwa na mambo haya: zikishuka chini ya 70, presha ikipanda, au bingwa akisema hii huenda ni ITP. Sababu yenyewe niieleze, watu wanadhani platileti ziko kwenye friji popote palipo na damu. Mfuko wa platileti haukai kwenye friji. Hukaa kwenye joto la nyuzi 20 hadi 24, unatikiswa muda wote, na baada ya siku 5 unatupwa. Ndiyo maana lazima muulize mapema: zikihitajika, mnazipata wapi na kwa muda gani? Na mwenye ITP hata akiwekewa haziishi, kinga yake inazila kama ilivyozila zake, kwa hiyo huwekewa pale pale anapotoka damu au anapopasuliwa, hazipandishwi za akiba wiki moja kabla.

Mkiamua kwenda, nendeni mapema akiwa na nguvu zake, kabla ya wiki ya 36 hivi, akae kwa shemeji huyo huyo anayepiga simu. Asipandishwe boti na uchungu. Kwa ndege, kampuni nyingi hutaka barua ya daktari baada ya wiki 28, na ikikaribia mwisho hawampakii, kwa hiyo barua iombwe kliniki mapema.

Na watoaji damu. Wanaume wa ukoo wanaokaa barazani wakijadili boti, waende benki ya damu wakapimwe kundi. Awe na miaka 18 na zaidi, kilo 50 au zaidi, mzima. Watatu wanne wajulikane kwa majina, simu zao zisizimwe mwezi ule.

Mpemba Halisi

Hapo kwenye baraza umenipiga mie 😂 Naenda kesho. Kundi O.

Baba Ilham

Nimechapisha maneno ya Bi Mkunga nikampelekea shemeji. Kajibu: "Sawa, lakini chumba nakitayarisha hivyo hivyo."

Baba Ilham

Salaam tena. Najua wengi mlikuwa mnauliza huko pembeni. Mama Ilham kajifungua wiki ya 39, mtoto wa kiume, Chake, kwa njia ya kawaida. Siku ya uchungu platileti zilikuwa 83, presha haikupanda hata mara moja. Mara mtoto alipotoka walimchoma ile sindano ya kuubana mfuko wa uzazi, na damu haikuzidi. Mmoja alikuja na diklofenaki, mama mkwe, nasema mama mkwe mwenyewe, akanyanyua kadi yenye wino mwekundu akasema "mwanangu hachomwi hiyo." Akapewa panadoli.

Tumerudi kupima baada ya wiki sita, 198. Kapewa ushauri mimba ijayo apime FBP mwanzoni kabisa, kwa sababu hali hii inaweza kurudi.

Fundi Darubini, Bi Mkunga, Ukhti, Allah akulipeni.

Ukhti wa Mwera

Mashaallah tabarakallah. Jina la mtoto?

Baba Ilham

Babu yake bado anagombana na shemeji.

Nuru ya Micheweni

Assalaam alaykum, nimeusoma uzi wote. Mie niko wiki ya 9, mimba ya kwanza, FBP yangu platileti 64. Sina homa, presha nzuri. Nesi kaniambia ni ya mimba, itaondoka nikizaa. Nitulie?

Bi Mkunga

Waalaykum salaam mwanangu. Usikhofu, lakini usitulie hivyo. Ile ya mimba haiji wiki ya 9 ikiwa 64. Muone bingwa wiki hii: kioo, virusi, homa ya ini, na atakuuliza kuhusu viungo kuuma na vipele vya usoni, kwa sababu kuna maradhi ya kinga yanayoambatana. Je, umewahi kupimwa FBP kabla ya mimba?

Nuru ya Micheweni

Nilifanyiwa operesheni ya kidole tumbo 2022. Karatasi ninayo, platileti zilikuwa 105. Hakuna aliyeniambia kitu.

Bi Mkunga

Hiyo ndiyo karatasi ya kwenda nayo. Mpe daktari hiyo kwanza, kabla hujamweleza jengine.